Kaya Yako Iko Wapi?

Mimi hujivunia Kiswahili changu, na kwa kujivunia huko nilimpeleka mama wa watu mahali ambapo hakutaka kwenda.

Ilikuwa miaka ya tisini, mvua zilipokataa kukatika na nyumba za udongo za bondeni, upande wetu wa Changamwe, zikaanza kuanguka moja moja. Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Walioangukiwa na nyumba walihamia madarasani kwetu na mikeka, majiko na kuku wao. Siku ya tatu likaja gari la ofisi ya maafa ya mkoa, akashuka afisa mmoja wa bara, mpole, viatu vimejaa tope, bahasha ya fomu kwapani. Alitueleza kazi ya ofisi yake: kuandika walioathirika, kupeleka orodha mkoani, kisha kuleta mahema, unga na mablanketi kwa kufuata orodha hiyo. Asiyekuwemo, alisema, kwa ofisi hayupo. Hakusema kwa ubaya.

Fomu zilikuwa za Kiingereza. Akaniomba nizitafsiri ili walimu wote waulize kwa maneno mamoja, "maana nyinyi watu wa pwani ndio wenye lugha." Nikavimba kichwa, wallahi. Palikuwa na swali la mahali wanapoishi watu wanaokula chungu kimoja. Sisi tungesema nyumba tu, lakini nyumba zetu zina vyumba sita na kila chumba kina mpangaji wake, nikaona neno nyumba halitoshi. Nikakumbuka neno nililolisikia redioni na kulisoma vitabuni. Nikaandika: "Kaya yako iko wapi?" Mwalimu mkuu alinisifu mbele ya wenzangu.

Miongoni mwa niliowaandika alikuwa mama mmoja wa Kiduruma, aliyekuwa akiuza mihogo ya kukaanga kwenye njia ya shule tangu nilipoajiriwa. Mumewe, kuli wa zamani wa bandarini, alikuwa amelazwa hospitali ya jirani, kiharusi kimemkamata upande mmoja. Hakuweza kutafuna. Kila adhuhuri mkewe alimpelekea uji akamnywesha kwa kijiko, kwa sababu manesi walikuwa wachache na wagonjwa wamelala wawili wawili.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Kaya yako iko wapi?"

"Kaya ni Kinango," akajibu bila kusita. "Lakini siku nyingi sijafika."

Nikaandika Kinango. Foleni ilikuwa imefika mlangoni, na mimi nilikuwa nikishughulika na mwandiko wangu mzuri. Kwa Waduruma na jamaa zao, kaya ni kwao asili, walikozikwa wazee. Hilo mtoto yeyote wa Mombasa analijua, na mimi nalijua. Siku ile halikunijia hata kidogo.

Orodha ikaenda mkoani, ikarudi imepigwa chapa na kutiwa muhuri kila ukurasa. Majina kumi na moja yalikuwa yamekatwa kwa wino mwekundu, pembeni pameandikwa kwamba hawa si wakazi, wasafirishwe makwao wakasaidiwe huko. La yule mama lilikuwa la nne.

Nilimkimbilia afisa nikamweleza kwamba kosa ni langu, la neno moja tu, na kwamba yule mama ana miaka thelathini hapa na mgonjwa wake yuko hapa. Alinisikiliza mpaka mwisho, akavua miwani, akaifuta kwa shati.

"Mwalimu, nakuamini. Lakini mimi sina uwezo wa kubadilisha orodha. Niandikie barua, nitaipeleka mkoani mwenyewe."

"Majibu yatachukua muda gani?"

"Wiki mbili, labda tatu. Simu zimekatika."

"Na lori la kuwasafirisha?"

"Lori ni kesho asubuhi."

Laiti angekuwa mtu mbaya. Ningemtukana, roho ikatulia. Nilikaa pale pale nikaandika barua ya kurasa mbili, Kiswahili safi, na hata nilipokuwa nikiandika nilijua kuwa haitamfaa mtu.

Asubuhi nilimkuta yule mama anakoroga uji kwenye baraza ya darasa. Nafasi yake ndani ilikwisha kupewa wengine, na jikoni alikataliwa unga kwa sababu hayumo. Kwangu palikuwa na vyumba viwili na watu kumi na wanne wa ukoo wa mume wangu. Niliomba hata pembe ya mlango, mama mkwe akasema haongezwi hata paka. Nikarudi shuleni.

"Mwanangu, mimi uliniuliza kaya," alisema. "Ungeniuliza ninapokaa, ningekuonyesha kwa kidole."

"Najua, mama. Nisamehe."

"Na mzee je?"

Akamimina uji ndani ya kopo lenye kifuniko, akalifunga kwa kitambaa, akanikabidhi. "Mnyweshe polepole, upande wa kulia. Usimwambie habari ya lori. Mwambie nafua."

Akapanda. Afisa alinipa kalamu na orodha niwatie alama wanaopanda, kwa kuwa mimi ndiye niliyewajua kwa sura. Alama yake niliitia mimi mwenyewe, kwa mkono wangu. Lori likaondoka, na tope likaturukia sote tuliosimama.

Adhuhuri nilikwenda hospitali. Mzee alikuwa ameuelekeza uso mlangoni, na aliponiona aliendelea kutazama nyuma yangu. Nikamwambia mkewe anafua. Nikamnyanyua kichwa, nikamnywesha upande wa kulia, kijiko baada ya kijiko. Alimaliza wote. Kisha akahangaika na ulimi mpaka maneno yakatoka.

"Mwambie kesho atie sukari."

"Nitamwambia, baba," nikasema, nikampangusa kidevu.