Vazi la Ngozi Nililomnyima Mama

Mwaka ule alipoanza kuumwa, Mama aliniomba kitu kimoja tu, nami nikamnyima. Aliomba kulivaa vazi la ngozi la mama yake. Hakutaka kwenda nalo popote. Alitaka alivae humo humo chumbani, ajitazame kwenye kioo cha kabati, basi. Nikamwambia, "Haiwezekani, Mama," kwa sauti ile ile ninayowaambia wanafunzi wakishika kitambaa na mikono yenye mafuta ya maandazi.

Mimi ni mwalimu wa ushonaji, nafundisha chuo cha ufundi hapa Arusha, na kwa miaka mingi nimekuwa nakusanya nguo za zamani. Watu wananicheka. Mafundi magari wa jirani na nyumba ya Mama, pale Sakina, waliwahi kuniuliza kama nimefungua mtumba wa marehemu. Wacheke tu. Nina suruali ya bugaluu, ile pana miguuni, ya mzee mmoja wa Themi ambaye hadi leo anaamini hakuna kijana anayevaa kama alivyovaa yeye. Nina viatu vya raizoni vya soli nene vilivyowahi kumvunja mtu mguu. Nina gauni jeupe la harusi ambalo maharusi wa usharika mzima waliazimana, likipunguzwa kiunoni kwa huyu na kuachiwa kwa yule, na ukiligeuza ndani unaona mistari ya matundu ya sindano ya kila mmoja wao. Mama naye aliolewa akiwa amevaa gauni hilo.

Lakini kitu nilichokithamini kuliko vyote kilikuwa lile vazi la Bibi. Bibi alikuwa Mwarusha wa upande wa magharibi wa Mlima Meru. Alipobatizwa, wanawake waliambiwa waachane na ngozi, wavae magauni. Wengi walizichoma. Wengine walizitandika wakalalia mpaka zikaisha, ndiyo maana leo ukitafuta vazi kama lile unazunguka vijiji hata soli zinaisha. Bibi yangu alikuwa mbishi. Alivaa gauni, akaenda kanisani, na ngozi yake akaificha darini juu ya jiko. Siku Mama anaolewa, Bibi alimsihi alivae vazi lile japo nyumbani, kabla ya kwenda kanisani. Mchungaji akasema ng'o, na Babu akamuunga mkono mchungaji. Kwa hiyo Mama alikataliwa mara ya kwanza akiwa binti, na mara ya pili akiwa mzee, na mara ya pili aliyemkataza ni mtoto wake wa kumzaa.

Nieleze lilivyokuwa, maana sasa halipo vile tena. Ngozi za mbuzi zilizounganishwa kwa kano badala ya uzi, zikasuguliwa kwa mafuta na udongo mwekundu miaka na miaka mpaka zikalegea kama kitenge kilichofuliwa sana. Lilinuka moshi na mafuta ya kondoo. Bega la kushoto lilikuwa limelika kwa kubeba watoto. Kifuani palikuwa na doa kubwa, gumu kidogo. Mama aliliwekea kidole doa hilo akacheka.

"Haya ni maziwa," akasema. "Mengine ni yangu haya, niliyocheua nikiwa mchanga. Sasa mwenye maziwa anakatazwa kuvaa?"

"Mama, jasho lako litaliharibu."

Jamani. Nilimwambia mama yangu hivyo. Alikuwa amebaki mifupa, hata hilo jasho lenyewe angelitoa wapi? Lakini nilikuwa nimetoka semina ya wiki mbili ya kuhifadhi mavazi, na nilirudi na kiburi cha mtu aliyepewa cheti. Tulifundishwa kwamba vazi la kihistoria halivaliwi. Halipigwi jua, halishikwi bila glavu, halikunjwi bila karatasi maalumu katikati. Ni kweli yote hayo, na bado nayafundisha. Nikamwambia Mama asubiri nilipime kwanza, nilichore, niandike habari zake zote, halafu tutaona. Na sikulipima. Nilikuwa nasubiri zile karatasi zije, nasubiri glavu, nasubiri likizo. Nikalifunga kwenye shuka jeupe, nikaliweka kwenye sanduku la bati chini ya kitanda chake, nikampa mama mdogo ufunguo pamoja na onyo kali kwamba lisiguswe.

Mama mdogo ni mdogo wake Mama wa mwisho, na ndiye aliyekuwa akimuuguza mimi nikiwa kazini. Ni mama wa kanisa hasa, kitambaa chake cha kichwani hujawahi kukiona na kunyanzi. Mama hakuniomba tena. Nilidhani amesahau, nikashukuru.

Alifariki siku ya Jumatano, akazikwa Jumamosi. Siku zile tatu nilikuwa nahangaika na jeneza, turubai, na wageni wa kutoka Moshi, na kazi ya kumvisha marehemu nikawaachia akina mama kama ilivyo kawaida. Kanisani lilipofunguliwa jeneza nilimwona amevaa gauni jeupe jipya la dukani, mikono mirefu, lesi ya bei rahisi. Nikaikagua ile lesi. Hata pale nilikuwa nakagua.

Wiki mbili baadaye nilifungua sanduku kwa ufunguo wa akiba. Chuo kimoja kilikuwa kimekubali kuja kuutazama mkusanyiko wangu, na nilitaka hatimaye nilipime lile vazi kabla hawajafika. Nikakuta shuka limekunjwa vizuri, na ndani yake hamna kitu. Nikalikung'uta lile shuka. Halafu hasira zikanipanda, nikampigia mama mdogo simu bila hata shikamoo.

Alikuja jioni ile ile na kiroba. Aliketi, akakiweka miguuni, akakataa chai.

"Nilitaka nikuletee mapema," akasema. "Nikaogopa. Wewe mkali."

Alilitoa. Sikulitambua. Lilikuwa na rangi ya boksi, kavu, limejikunja pembe zote, na lilipogusa meza liligonga. Udongo mwekundu haukuwepo. Harufu haikuwepo. Doa la maziwa halikuwepo. Lilinuka sabuni ya unga.

"Mmelifua!" nikapiga kelele. "Loo, mmefua ngozi!"

"Tulilifua, ndiyo. Mara tatu, maji bado yanatoka mekundu. Tukalianika kwenye seng'enge siku mbili lishike jua."

"Nani aliwatuma?"

Mama mdogo akanieleza taratibu, bila kunilaumu, na ningependa angenilaumu. Wiki ya mwisho Mama alikuwa amemwomba azikwe nalo. Alimwambia asinisumbue, mimi nina kazi nyingi na nguo zangu. Akifa atakuwa hana jasho, alisema, kwa hiyo sitakuwa na neno. Mama mdogo akashindwa kulala. Kumkatalia mgonjwa hakuweza, na kumpeleka dada yake mbele ya Mungu akiwa amepakwa mafuta ya kondoo na masizi ya jikoni aliona ni aibu. Wakakaa yeye na wenzake wa umoja wa wanawake, wakakubaliana walisafishe kwa heshima. Walilifua kama wanavyofua vitambaa vya madhabahuni, kwa mikono, wakiimba.

Ningeweza kumwambia kwamba ule uchafu ndio uliokuwa vazi lenyewe, kwamba ukitoa mafuta kwenye ngozi ile inabaki ubao. Ningeweza kumwambia hilo kabla, kama ningekuwa nimewahi kumweleza mtu yeyote wa nyumba ile chochote zaidi ya kusema usiguse.

"Kwa hiyo hamkumvisha," nikasema.

"Tulimvisha."

"Wapi?"

"Kule chumba cha maiti, asubuhi ya Jumamosi. Lilikuwa gumu lakini tulilazimisha, maana tuliahidi. Tukampitisha mkono mmoja. Tulipomwinua tumpitishe wa pili, likapasuka." Alishika kifua chake mwenyewe kunionyesha. "Likapasuka kabisa, mwanangu, likamkwaruza. Ikabidi tumvue. Yule binti wa zamu akakimbia dukani akatununulia lile gauni."

Alianza kulia. Alikuwa mwanamke wa miaka sabini analia mbele yangu kwa ajili ya dada yake, kwa jambo ambalo mimi ndiye niliyelianzisha, na nilitakiwa nimshike. Mdomo wangu ulishafunguka.

"Lilipasukia kwenye mshono," nikamuuliza, "au kwenye ngozi?"

Mama mdogo aliacha kulia. Alijifuta macho kwa pembe ya kanga, akasimama na kuvaa viatu vyake.

"Kwenye ngozi," akasema.

Alipotoka, nilifungua daftari, nikaliandika jibu lake.