Mkanda Uliokaushwa Juu ya Meko

Itangazwe kwa watu wote, toka gatini Bukoba hadi migombani Muleba: Serikali ya Mfalme Joji, kwa hekima yake isiyopimika, imemkabidhi Lukmani bin Saburi ulinzi wa vivuli vyote vya dola! Kwa lugha ya kawaida, alikuwa fundi wa gari la sinema. Alipangusa mikanda, akaunga iliyokatika, akapigana na ukungu wa ziwani ambao haukuheshimu hata sura ya mfalme.

Siku moja Mama Kokubanza wa Kamachumu akashuka kwenye basi na kopo lililoviringishwa kwa rubugo, ile nguo ya gome la mti. Ndani mlikuwa na mkanda alioachiwa na Bwana Shamba Mzungu alipohamishwa: wanaume wakipeleka kahawa kwenye mizani. Mmoja wao alikuwa mwanawe Karugendo, aliyekwenda vita vya Burma asirudi. Picha nyingine ya Karugendo haikuwepo duniani.

"Mbona mkanda unanuka kama samaki wa moshi?" Lukmani akauliza.

"Niliuweka darini juu ya meko, pamoja na mbegu za maharage. Kitu cha thamani utakiweka wapi kwingine?"

"Mama, umembanika mwanao!"

"Basi wewe mfufue. Sikuja mjini kusikiliza mdomo."

Lukmani akacheka. Alipofungua kopo, kicheko kikakatika. Mkanda ulikuwa mkavu kama jani la mgomba la kiangazi, tabaka zimegandana. Akivuta kwa pupa tu, Karugendo anakufa mara ya pili. Akaufungia kwenye debe pamoja na kitambaa chenye unyevu, akangoja ulegee. Halafu akabandua kwa ukucha, kidogo kidogo, huku akifuta masizi kwa spiriti na kuziba matundu ya pembeni yaliyochanika. Asubuhi moja, chini ya kioo cha kukuzia, likatokea jicho. Kisha meno. Lukmani, mtu aliyetania hata msibani, akasahau kumeza mate. Kijana alikuwa anamcheka yeye.

Gari la sinema lilipofika Kamachumu, shuka likatundikwa, giza likaingia. Karugendo akatokea na gunia begani, akatafuna punje ya kahawa, akatema ganda, akacheka. Uwanja mzima ukanyosha shingo. Hata watoto wachanga ungedhani wameambiwa huyo ni nani. Mama Kokubanza akainuka, akaenda mpaka kwenye shuka, uso wa mwanawe ukamwangukia mabegani. Hakuna aliyempigia kelele kwamba anaziba.

Karugendo akatua gunia, akapunga mkono, akapotea nyuma ya ghala. Mwanga ukabaki mweupe mtupu.

Mwinjilisti Rwegasira akafuta macho. "Ndugu zangu, mmeona? Ametuaga! Anaelekea utukufuni!"

"Amina!" uwanja ukaitika.

Mama akamgeukia Lukmani. "Wewe umemtazama kwa karibu kuliko sisi sote. Mwanangu alikuwa anakwenda wapi?"

"Kukojoa, mama."