Mafuta ya Magoti ya Bi Aisha

Mwajuma wa Kwamkoro alivumilia mengi, ila mkono wa mama mkwe wake, Bi Aisha, kwenye jiko ulimshinda. Magoti ya Bi Aisha yalikuwa yakimuuma tangu masika, na alitaka dawa moja tu: mafuta ya nazi yaliyopikwa na mdalasini na karafuu.

Mwajuma alijua kuyapika. Aliponda magome ya mdalasini, akayachanganya na karafuu na mafuta kwenye kisufuria, kisha akakikalisha ndani ya sufuria kubwa la maji ya moto. Moto wa kubembeleza, mafuta yavute ukali wa viungo taratibu. Akaenda kukata majani ya ng'ombe.

Aliporudi, sufuria la maji lilikuwa limewekwa kando, kisufuria kiko juu ya mafiga, kinafuka moshi.

"Moto wako ulilala," alisema Bi Aisha. "Nimeuamsha."

Mafuta yalikuwa meusi kama lami. Mwajuma aliepua kisufuria. Mkwe hafokewi. Alipomlalamikia mumewe, Rashidi, alijibiwa, "Si unamjua mama?" Kumjua ndiko kulikomchosha.

Mara ya pili aliingia ndani kuswali adhuhuri tu. Yakaungua tena.

Mara ya tatu alibeba kila kitu mpaka kwa jirani yake Esteria, chini bondeni. Mafuta yalipoanza kubadilika rangi, akasikia fimbo ikigonga mawe. Bi Aisha, ambaye hata chooni alisindikizwa, alikuwa akiteremka mlima, na kwapani ana kuni.

"Mama!" Mwajuma alipasuka. "Mafuta ni yako, magoti ni yako, na unayaunguza mwenyewe! Niache nipike, jamani!"

Esteria akainamia maharage yake. Bi Aisha alijishusha kwenye kigoda.

"Dada yangu wa Muheza hajiwezi," alisema. "Jumamosi naenda kumwona, na mafuta yako yanachelewa. Sitaki anione nimebebwa."

Hasira haikumwisha Mwajuma, ila sauti ilishuka. "Si ungesema, mama."

Akampokonya kuni. Wakangoja mpaka alasiri, mafuta yakawa na rangi ya asali, akayachuja kwa kitambaa na kumkanda magoti.

Jumamosi Bi Aisha aliingia kwa dada yake kwa miguu yake mwenyewe, polepole, ameshika mkono wa mkwewe. Mgonjwa alinusa, akasifu harufu nzuri ya mafuta.

"Yale ya kwanza yalikuwa makali zaidi," Bi Aisha alimwambia. "Huyu anaogopa moto."

Mwajuma akageukia dirishani, akauma midomo asicheke.