Nembo za Mkono wa Kulia

Msimu uliopita Jafari Mchopa alianika jezi za Kusini Stars upande wa barabara, mkono wa kulia ukitazama nje, ili wapita njia wa mtaa wa Rahaleo waione nembo ya Ligi Kuu. Timu iliposhuka daraja, akahamishia kamba nyuma ya choo.

Jafari ndiye mtunza vifaa wa klabu, mwaka wa kumi na nne huu. Mwezi Agosti katibu wao, Magreth, mwalimu wa sekondari asiyefika miaka thelathini, alimwagiza azitoe nembo zile, maana huko waliposhukia haziruhusiwi. Jafari alikaa uani na wembe, akakata uzi mmoja, akashindwa kukata wa pili. Wachezaji walikuwa bado wakivaa jezi za mazoezi, hivyo hakuna aliyejua.

"Zile nembo?" Magreth alimuuliza baada ya wiki.

"Tayari, mwalimu."

Siku ya mechi ya kwanza ya msimu, nyumbani, kamisaa wa mchezo alikagua vifaa saa moja kabla ya mpira kuanza. Akainua mkono wa jezi kwa vidole viwili.

"Hii ligi gani hii?"

Meneja wa wageni alicheka. "Waache, kamisaa. Labda habari hazijawafikia."

"Katibu, waraka wa nembo uliupata?"

"Niliupata." Magreth alimtazama Jafari. Jafari akainamia begi la soksi, akawa anazipanga soksi zilizokwishapangwa. "Nilipitiwa," Magreth akasema. "Kosa langu."

Kamisaa akaliandika jina la Magreth kwenye fomu ya onyo.

Wachezaji walikaa vifua wazi, Jafari na nahodha Tumaini wakizifumua nembo kwa wembe.

"Babu, ungetuachia hata moja ya ukumbusho," kipa alisema, wenzake wakacheka. Jafari hakuinua uso. Jezi zilikuwa zimepauka kwa jua, lakini chini ya kila nembo kitambaa kilibaki bluu kama siku kilipotoka dukani. Walipoingia uwanjani, mtu mmoja jukwaani akapaza sauti: "Kovu hilo, jamani. Litapona?"

Walitoka sare ya bao moja. Magreth alipoingia chumbani kuwapa pole, Jafari alisimama katikati yao.

"Katibu aliniagiza tangu Agosti. Nikamwambia tayari. Sikutoa hata moja."

"Na mbele ya kamisaa, mzee?" Tumaini aliuliza.

"Nilinyamaza."

Magreth alifunga zipu ya mkoba wake. "Nilikusubiri pale, mzee Jafari," alisema. "Nilikusubiri kabisa." Akatoka.

Desturi ya vijana hao baada ya mechi ni kumrushia Jafari jezi zilizolowa jasho, wakimlenga kichwani, naye huzidaka akiwatukana kwa Kimakonde. Siku hiyo kila mmoja aliinuka, akaiweka yake ndani ya beseni, akapita.