Nilihamisha Vyombo Kesi Ikiwa Mahakamani

Kosa ni langu. Miaka yote nimemsingizia shetani, leo namwacha apumzike.

Nilikuwa karani serikalini hapa Morogoro, tukikaa kota, upande wa mlimani. Wimbi la kubinafsisha lilipoanza, tukapunguzwa kazi, na muda si muda ikaja notisi kwamba nyumba zimepata wenyewe wapya, tuhame. Na mafao hatujalipwa! Tukaenda mahakamani. Majirani wakanichagua mwenyekiti, eti kwa sababu nina sauti nzito na Kiswahili cha ofisini.

Nikala kiapo kwa niaba ya wote, kwamba tunaishi mle na familia zetu na hatuna pengine pa kwenda. Hakimu akatoa zuio: tusiguswe mpaka kesi iishe.

Wenzangu wakatulia. Mimi jamani, woga!

Nilishaona watu wa mtaa wa pili wakitolewa. Kitanda chao kililala barabarani kinanyeshewa, mama wa nyumba amesimama pembeni na sufuria mkononi, hajui aiweke wapi. Tangu siku ile, lori likipunguza mwendo tu, naacha sahani mezani. Mwenyekiti mzima najifungia chooni!

Nikamwambia mke wangu tupeleke vyombo kwao Mlali.

"Na zuio je?" akaniuliza.

"Zuio ni karatasi tu." Mimi huyohuyo niliyewahimiza watu walitegemee zuio lile!

Tukapakia mchana kweupe. Jirani yangu Mama Neema, nesi mjane aliyepunguzwa kazi kama mimi, akatoka na kanga yake begani.

"Baba Rehema, makochi yanasafiri wapi?"

Sijui uongo ule ulitoka wapi. "Mdogo wake mama Rehema anaolewa. Ukweni hawana pa kukalisha wageni."

Akapiga vigelegele! Akatusaidia hata kubeba meza.

Nilikusudia kurudi nilale kwenye mkeka, angalau nionekane. Sikurudi. Nilipofika Mlali nikapata usingizi kwa mara ya kwanza, nikanogewa nao. Huku nyuma wale wenyewe wapya wa nyumba walichungulia madirishani, wakaona kuta tupu.

Siku ya kesi wakili wao akasimama. Akasema mwenyekiti ameshahama kwa hiari yake, ana pengine pa kukaa, na kiapo chake ni cha uongo. Jasho likanitiririka mpaka kwenye soksi.

Mama Neema akainuka bila kuitwa. "Mheshimiwa, huyu anadanganya! Vyombo vimekwenda harusini, nimevibeba kwa mikono yangu!"

Hakimu akanigeukia. "Harusi ya nani?"

Shemeji yangu yule ameolewa siku nyingi, ana watoto wanne.

Mama Neema alinisubiri nijibu. Alisubiri, akasubiri, kisha akakaa taratibu. Zuio likaondolewa, tena kwa wote, maana kiapo changu ndicho kilichokuwa kimetubeba sote.

Nje nilitegemea matusi. Sikuyapata.

"Mwenyekiti," Mama Neema akaniambia, "si ungesema tu unaogopa? Ungekuja na familia yako mkalala kwangu. Unadhani ni nani pale kota aliyekuwa anapata usingizi?"

Lori likaja kweli. Vitu vyake vikatupwa nje, akahamia kwa dada yake Ngerengere. Hata kumsaidia kubeba sikwenda! Nilikuwa Mlali, mlango nimeukomea kwa ndani.

Nauli ya Ngerengere ninayo. Nimeshafika stendi mara kadhaa, miguu inagoma. Nitamwambia nini yule mama, ambaye alisimama mbele ya hakimu kunitetea kwa uongo wangu mwenyewe?

Ndugu zangu mnaopigania nyumba zenu pamoja, nawasihi. Ukishikwa na woga, waambie wenzako siku ileile, hata kama wewe ndiye mwenyekiti. Ogopeni wote kwa pamoja. Mimi naogopa peke yangu mpaka leo.