Chila za Choroko na Kibuyu cha Bibi

Harufu ya jira ikigusa chuma cha moto hunirudisha Somanda, kwenye jiko letu la uani pale Bariadi, miaka ya ruksa, biashara ilipofunguliwa. Rafu za maduka nilizozizoea zikiwa tupu zilikuwa zimeanza kujaa sabuni za rangi, biskuti na suji, ile ngano ya chengachenga ambayo sisi watoto tuliidhania mchanga wa kuliwa. Mama alifundishwa kuipika na Mama Nasra, mke wa Mhindi mwenye duka jirani. Aliloweka choroko za shambani kwetu, akazisaga kwenye jiwe, akachanganya na suji, kitunguu, pilipili na jira, akaacha rojo lilale. Asubuhi alimimina upawa mmoja chumani na kuutandaza kwa mgongo wa upawa huohuo, mpaka ukawa mwembamba na kingo zikaanza kukauka. Hizo ndizo chila. Mpaka leo sijaona mikono inayoifanya kazi ile kwa wepesi kama wa mama.

Msimu mmoja wa kuvuna pamba, Bibi, mama yake baba, alikuja kutoka kijijini karibu na Malampaka kutibiwa hospitali. Watu husema mgeni njoo mwenyeji apone, lakini mgeni wetu alikuja na chakula chake. Kila asubuhi alichemsha michembe, vile vipande vya viazi vitamu vilivyokaushwa juani, akala na maziwa ya mgando kutoka kwenye kibuyu chake. Chila hakuzigusa. "Hizo za dukani kuleni nyie," alisema. Mama alikuwa ameolewa miaka mingi, na hakuwahi kumpikia mkwewe kitu akakimaliza. Mbele ya watu alicheka, ila jikoni nilimwona akiuma midomo. Alitaka Bibi ale mkononi mwake, walau mara moja.

Sufuria yetu ya pekee yenye mfuniko Bibi alikuwa ameiteka kwa mizizi yake ya dawa, na panya wa nyumba ile hawakuwa na adabu. Basi jioni moja mama akatazama huku na huku, akakichukua kibuyu cha Bibi kilichokuwa kimeisha maziwa, akamimina rojo lake humo na kuziba kwa gunzi. Katika ukoo wetu mkamwana hagusi kibuyu cha maziwa cha mama mkwe mpaka apewe na mwenyewe. Mama alijua hilo vizuri, akajipa moyo kwamba angekiosha kabla Bibi hajaamka. Rojo halikumngoja. Asubuhi tulilikuta limeumuka, limesukuma gunzi na kutiririka mpaka kwenye mkeka, na Bibi ameketi kando yake, amelikazia macho.

Mama akapiga magoti, akamwamkia mkwewe kwa Kisukuma. "Mwangaluka, mayu. Nisamehe. Panya..."

Bibi akachovya kidole, akanusa. "Linanukia moshi wa kibuyu changu," alisema. Kisha akasema, "Maji yakishamwagika hayazoleki. Lakini ya ndani bado yapo. Pika."

Chila ya kwanza ilichanika. Ya pili ikatoka na matundumatundu, chachu kidogo, na harufu ya moshi na mgando ndani yake. Bibi akaila mpaka mwisho, akashukuru na kunyoosha sahani. "Wabeja. Ongeza, ng'wana wane." Mwanangu! Siku zote alikuwa akimwita mke wa fulani. Mama akaenda nyuma ya jiko kufuta machozi, akasingizia kitunguu. Bibi alipopona akarudi kijijini na "kusahau" kibuyu, yeye ambaye hakuwahi kusahau hata sindano.

Leo nasaga choroko kwa blenda, na chila zangu ni za mviringo kuliko za mama. Ule uchachu sijaupata. Kibuyu alibaki nacho mama, nami nilijihesabu mrithi. Mwaka jana kaka yangu alioa binti kutoka Nyashimo, mpole, anayepika vizuri, na mama akawa anakula vyakula vyake kidogo kidogo, kwa heshima tu. Asubuhi moja nilipofika nilimkuta wifi anamimina rojo la choroko ndani ya kibuyu, mama amemshikia.

Nilishikwa na wivu, siwezi kuficha. "Mama, si kibuyu changu hicho?"

"Wewe ni mwanangu tangu nikuzae," alijibu bila kugeuka. "Mwenzio ndiyo kwanza anaanza."