Kijiko cha Maji

Mchungaji alikuwa bado anaomba, dada yangu alipolishika jeneza la mama akapiga kelele, "Ilikuwa maji! Nilikuwa nampa maji!"

Watu wakatazamana. Kina mama wakamkumbatia, wakasema ni uchungu umempanda kichwani.

"Maskini Nzilani. Na vile amemuuguza mamake vizuri."

Mimi ni Kimeu, Baba Lewis, naziba pancha za malori hapa Maungu. Nzilani ndiye kifungua mimba wetu. Alisoma, akawa nesi hospitali moja huko Voi, na mtaa mzima ukamfanya wake. Mtoto akipata homa, "Ita sista." Mzee akianguka, "Sista yuko wapi?"

Hakuna aliyewahi kumuuliza yeye anaumwa wapi.

Na alikuwa anaumwa, jamani. Kuinua wagonjwa wodi nzima peke yake kulimharibu mgongo. Siku moja alimdunga mgonjwa sindano ya maumivu, dawa ikabaki kidogo. Badala ya kuimwaga, akajidunga. Mgongo ukatulia, na mawazo nayo yakatulia. Kesho yake akaitamani tena.

Haya alinieleza baadaye. Wakati ule nilikuwa naona tu amekonda, anavaa sweta ya mikono mirefu kwenye jua hili letu.

"Sista, umehamia kwenye baridi ya Wundanyi?" nikamtania.

Akacheka. Nami nikacheka, nikarudi kwa magurudumu yangu.

Kisha saratani ikaingia kwenye mifupa ya mama. Akapewa mofini ya kunywa, dawa kali ya maumivu, chungu kama shubiri, na mwenye kumpa kijiko akawa Nzilani. Nani mwingine, na nesi tunaye nyumbani?

Wakati huohuo, kazini kwake wakaanza kufunga kabati ya dawa kali kwa funguo za watu wawili. Hakuna tena kubakisha. Akawa anarudi nyumbani anatetemeka, na chupa iko pale kando ya kitanda cha mama.

Alianza kwa kunywa kidogo, akajazia maji. Mwishowe chupa ikawa maji matupu.

Ajabu ni kwamba mama hakulia. Akishanywa tu, anafumba macho. "Asante, mwanangu. Sasa nalala."

Nzilani akajidanganya kwamba maumivu yamepungua. Akawa anatoka, anafunga mlango polepole asimwamshe.

Baada ya mazishi, Awuor akatufuata nyuma ya nyumba. Ni jirani yetu, ndiye aliyekuwa akimwogesha mama.

"Nzilani, mamako alijua."

"Alijua nini?"

"Dawa ilipoacha kuwa chungu, alijua. Ukishatoka alikuwa anauma shuka. Mimi ndiye nilikuwa nazifua. Pembe zote zimetoboka."

Dada yangu akaketi chini kwenye vumbi, na nguo yake ya matanga.

"Sasa mbona hakusema?" Nilikuwa napiga kelele, sikuficha. "Na wewe mbona hukusema?"

"Aliniapisha, Baba Lewis. Alisema, 'Mimi naenda. Huyu akifukuzwa kazi, watu wamcheke, nitakuwa nimeacha nini duniani? Kama inamsaidia, wacha anywe.'"

Wacha anywe. Mama yangu, na mifupa inamuungua.

Nzilani alijipeleka mwenyewe kwa wakubwa wake, akasema yote. Sasa yuko kwenye matibabu. Juzi alinipigia simu akaniuliza zile shuka ziko wapi. Nikamwambia kwamba Awuor alizichoma. Ninazo kwenye sanduku, siwezi kuzitupa.

Nampenda mama. Lakini nina hasira naye, na sioni aibu kusema. Alinyamaza kwa upendo, na kila siku aliyonyamaza ilimzamisha mtoto wake zaidi. Angelia mara moja tu, tungeamka sote.

Wewe unayesoma hii, kama kwenu kuna nesi, leo usimletee kidonda chako. Muulize yeye anaumwa wapi. Na akikwambia yuko sawa, vuta kiti ukae.